Usiuze kiwanja, mwanangu

Mwanangu, ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza wote. Hoteli imefungwa tangu Machi kwa ajili ya korona, watalii hawaji, na kuna mtu hapo Malindi amekwambia Italia inagawa makaratasi, umpe pesa akulete. Wataka kuuza kiwanja cha Muyeye. Umesema shangazi niambie ukweli. Haya.

Makaratasi yalitolewa, sikatai. Kuanzia Juni hadi tarehe 15 Agosti serikali iliwafungulia wasio na vibali wanaofanya kazi majumbani na mashambani. Tajiri anakuandikisha na kulipa euro 500. Lakini sharti lilikuwa uwe umo ndani ya Italia kabla ya tarehe 8 Machi 2020. Wewe Machi ulikuwa wapi? Na sasa ni Novemba 2020. Huyo wakala anakuuzia kitu kilichokwisha, tena hata kilipokuwapo hakikukuhusu.

Kazi yangu waijua: namlea bibi kizee hapa Bergamo, nalala humo humo. Zamani Alhamisi mchana na Jumapili zilikuwa zangu, naenda kuonana na wenzangu. Machi ilipofika mwanawe akaniambia, ukitoka usirudi. Sikumlaumu. Magari ya wagonjwa yalikuwa yakilia usiku na mchana, na malori ya jeshi yakapita na majeneza kwa sababu hapa mjini hapakuwa tena na pa kuyaweka. Basi nikakaa ndani. Hata kwenda duka la dawa ilibidi uwe na fomu: jina lako, watoka wapi, waenda wapi, kwa sababu gani. Na fomu yenyewe walikuwa wakiibadilisha kila mara! Sisi printa hatuna, kwa hiyo naiandika kwa mkono pale mezani jikoni, bibi ananisomea kwa miwani yake, akifika kwenye namba za sheria anawatukana. Ukikutwa barabarani huna sababu, faini inaanzia euro 400. Ramadhani ikaingia hamira ni ya kutafuta kwa tochi, maana Wataliano walijifungia wote wakaanza kuoka mikate. Mahamri nikayasahau.

Nyinyi mliona picha zao za Agosti ufuoni mkadhani yamekwisha. Tangu tarehe 6 mwezi huu Lombardia, mkoa wetu huu, ni eneo jekundu: mikahawa imefungwa, na kutoka halmashauri ya mji wako kwenda ya jirani lazima uwe na sababu. Wenzangu waliokuwa wakiosha vyombo mikahawani wako nyumbani. Hapo ndipo ungekuja kutafuta kazi, na Kitaliano chako cha kuuzia vinyago.

Jambo ambalo sijawahi kulisema kwenye simu ni hili: bibi ana miaka themanini na kitu. Mungu akimchukua, kazi na chumba vinaniondoka pamoja. Kila asubuhi nampima joto, na wallahi sijui namwombea yeye au najiombea mimi.

Bibi yako akiuliza nakuja lini, usimtajie mwezi. Tikiti yangu ya Aprili shirika la ndege liliifuta, badala ya pesa likanipa vocha, nayo ina mwisho wake. Mwambie nikipata tarehe ya kweli nitampigia mwenyewe.

Hati ya kiwanja mpe yeye aiweke sandukuni. Huyo wakala akikupigia tena, mpe namba yangu.