Rekodi Jumanne yako
Harusi na kipaimara zina watu wao wa kamera. Desemba hapa Moshi, Wachagga wakisharudi nyumbani, kila kihamba kina mtu kanyanyua simu. Siku isiyo na mtu wa kuirekodi ni Jumanne ya kawaida, na hiyo ndiyo nakuomba uishike.

Narekodi maisha ya kwetu Rau kwa miaka sasa, na naihesabu kuwa sanaa yangu. Ukitaka kuanza, chagua vitu vichache uvirudie. Mimi nina jikoni, duka la kona na Kibo. Kibo narekodi asubuhi na mapema, maana ikikaribia saa nne mara nyingi mawingu yameshaufunika mlima. Nasimama pale pale, simu usawa ule ule. Klipu moja haisemi kitu. Zipange za miaka kadhaa, utaona mgomba wa jirani umeondoka, ukuta umepanda, bati la kijani limekuwa jeupe.

Usikimbilie kukata. Mama akimenya ndizi za mtori, kwanza anajipaka mafuta mikononi ili utomvu usimgande. Anapitisha kisu kwenye ganda toka juu hadi chini, analibandua kwa kidole gumba, kisha ndizi inaingia kwenye beseni la maji isije ikawa nyeusi. Naacha kamera ikae mpaka amalize. Kwenye video za zamani anamenya huku anaongea na mtu aliye nje, wala haangalii kisu. Kwenye za sasa amesogeza kigoda dirishani penye mwanga. Hakuna aliyenieleza habari hiyo, nimeiona kwa kuziweka pamoja.

Sauti iache ilivyo. Masika ikipiga bati hadi watu wanapaza sauti kuongea, usiiwekee muziki juu.

Jonas Mekas, Mlithuania aliyefika New York mwaka 1949 akiwa mkimbizi, alinunua kamera ya Bolex muda mfupi baada ya kufika, akawa anarekodi marafiki, meza za chakula, theluji mtaani. Filamu yake ya kwanza ndefu ya shajara ilitoka 1969. Aliendelea kurekodi hadi uzeeni, akafariki 2019. Kwa hiyo usijipe presha ya kuposti kila wiki. Kazi hii inataka kulala kwanza.

Kuhusu watu, omba ruhusa, na kesho uombe tena. Siku moja mwenye duka aliniambia, "Mangi, leo usinichukue, nimetoka msibani." Simu ikarudi mfukoni, nikampa pole, tukakaa. Aliyekubali jana ana haki ya kukataa leo. Mtoto wa mtu usimrekodi mzazi wake hajui.

Mwisho ni utunzaji, na hapa kazi za wengi hupotelea. Video ya kawaida ya simu inaweza kula megabaiti 100 kwa dakika. Dakika moja kila siku ni kama gigabaiti 36 kwa mwaka, inaingia hata kwenye flashi. Usiitunzie WhatsApp, inabana video na ubora unashuka. Jina la faili lianze na mwaka, mfano 2025-04-15-jikoni, kompyuta itazipanga yenyewe. Halafu weka nakala mbili kwenye nyumba mbili tofauti. Yangu ya pili iko kwa dada, Arusha, na kila nikipanda basi kwenda kumsalimia nabeba diski.