Shangazi, ananibebea mifuko ngazini ila hasemi kitu

Mwanangu wa Nagasaki, barua yako nimeisoma mara mbili na pale pa mifuko nikacheka peke yangu. Kwa wasomaji, huyu ni binti wa Mombasa anasoma Japani, anakaa juu mlimani ambako gari haifiki ni ngazi tu, na kijana wa duka la samaki pale chini kwenye kituo cha tramu anampandishia mifuko miezi saba sasa. Hata mkono hajamshika. Ijumaa anamletea kipande cha keki ya kasutera, basi, kwaheri. Dadake huku anamwambia huyo anakupotezea muda.

(Kasutera yenyewe asili yake Wareno, bandari ya Nagasaki ilifunguliwa kwao 1571, haohao waliotuachia sisi meza na leso. Wenzetu wakapata keki.)

Dadako anapima kwa kibaba cha Mombasa, huku kijana akikutaka utajua hata salamu hajamaliza. Kule wana kitu wanaita kokuhaku, yaani mtu anatamka wazi nakupenda tuwe pamoja, na kabla ya hapo mnaweza kuzunguka miezi na bado mkahesabiwa marafiki tu. Kwa hiyo kimya chake peke yake hakinishtui.

Kilichonishtua ni ulichokitupia mwishoni kama vile si kitu, kwamba mamake alifariki Februari na kijana amekuomba tarehe 15 Agosti utembee na familia yao nyuma ya mashua. Mwanangu! Hiyo ni Shoro Nagashi, waliofiwa mwaka huo wanamtengenezea marehemu wao mashua, jioni wanaikokota barabarani fataki zikilia, ndio kumsindikiza. Mtu wa kukupotezea muda atakuweka nyuma ya mashua ya mama yake, shangazi zake wote wanakuangalia?

Ila usianze kushona gauni, hiyo bado si posa. Nenda, muulize uvae nini, na siku hiyo usimuulize mambo yenu, ni siku ya mamake. Subiri Ijumaa inayofuata, mkiwa palepale ngazini, muulize kwa Kijapani chako hichohicho kibovu: mimi na wewe ni nini? Atababaika, mwache ababaike. Akisema rafiki tu, muamini, na mifuko uanze kubeba mwenyewe.

Halafu ununue vizibo vya masikio, zile fataki si mchezo.