Ukiambiwa kondo la nyuma limekomaa, uliza kwanza una wiki ngapi

Kwenye majibu ya altrasaundi kuna mstari unaowanyima wajawazito wengi usingizi: ule wa kondo la nyuma. Umeandikwa kwa Kiingereza cha kidaktari, gredi II au gredi III, na mpimaji mwenye foleni ndefu mlangoni atakwambia tu, "Kondo limekomaa, mpelekee daktari." Kabla hujafika kituo cha daladala umeshaingia mtandaoni na moyo unakwenda mbio.

Mimi niliandikiwa gredi III, yaani kondo lenye chokaa (kalsiamu) nyingi, kwenye mimba ya pili, karatasi ikisema nina wiki 34. Wifi yangu akaisoma, akatoa hukumu hapo hapo: ni maziwa na dagaa, na vile vidonge vya kalsiamu vya kliniki niviache mara moja. Mama mkwe akashuku nakula udongo kwa siri. Walinitakia mema, ila wote walikuwa wanatafuta kosa kwenye sahani, na kosa halikuwepo.

Kondo ni kiungo cha muda. Linafanya kazi miezi tisa, na kadiri siku zinavyosogea linazeeka, chembe za chokaa zinajikusanya hasa upande ule ulioshikana na mfuko wa uzazi. Kwenye altrasaundi zinaonekana kama madoa meupe. Mimba ikitimiza muda wake, kondo kuwa na chokaa ni jambo la kawaida kabisa. Nilipojifungua, mkunga alilipindua la kwangu kwenye trei kuhakikisha limetoka lote, akapitisha kidole chenye glovu, akaniita niangalie: vidoadoa vyeupe, na ukivigusa vinakwaruza kama mchele usiochambuliwa. Mtoto alikuwa keshaanza kunyonya.

Hizo gredi, kuanzia 0 hadi III, zilitoka kwa Dkt. Grannum na wenzake wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, mwaka 1979. Walichokuwa wanatafuta ni kukisia kama mapafu ya mtoto yamekomaa. Hazikuwekwa ziwe hukumu kwamba mtoto yuko hatarini, ndiyo maana ninashangaa zinavyotajwa kwa mama bila hata neno moja la maelezo.

Swali la maana ni wiki. Gredi III kwenye wiki 38 au 39 si habari. Gredi III kabla ya wiki 36, na zaidi sana kabla ya 32, hiyo inahitaji macho ya daktari, kwa sababu imeonekana kuambatana na presha ya mimba, uvutaji sigara, mtoto kushindwa kukua vizuri na kuzaliwa na uzito mdogo. Na hapa kwetu wiki zenyewe mara nyingi ni za kukisia. Tunaanza kliniki tumbo limeshatokeza, tarehe ya hedhi ya mwisho tunaitaja kwa kubahatisha. Kwangu mimi, damu kidogo iliyotoka mimba ikiwa changa ilihesabiwa kuwa hedhi. Daktari alipotoa kwenye faili karatasi ya altrasaundi ya mwanzo, akalinganisha na kichwa na mfupa wa paja wa mtoto, nilikuwa na wiki 38. Shirika la Afya Duniani linashauri altrasaundi moja kabla ya wiki 24, na hiyo ndiyo faida yake. Kipimo cha mwishoni hakiwezi kukupa tarehe ya kuaminika. Itunze hiyo karatasi pamoja na kadi ya kliniki.

Kama wiki ni chache kweli, usiombe kuzalishwa kwa sababu ya neno chokaa peke yake. Daktari ataangalia presha, protini kwenye mkojo, mtoto anavyoongezeka, maji yanayomzunguka, na akiona haja atapima kwa Dopla, altrasaundi inayoonyesha mwendo wa damu, jinsi damu inavyopita kwenye kamba ya kitovu. Majibu hayo ndiyo yanayoamua kama utasubiri, utarudi mara kwa mara, au mtoto atolewe mapema.

Nirudi kwa wifi na vidonge. Kwa akina mama wanaopata kalsiamu kidogo kwenye chakula, Shirika hilo hilo linapendekeza gramu 1.5 hadi 2 kwa siku ili kupunguza hatari ya presha inayoweza kuishia kwenye kifafa cha mimba. Sasa presha hiyo ni miongoni mwa mambo yanayolichosha kondo kabla ya wakati, kwa hiyo kuacha vidonge kienyeji kunaweza kukuletea kile unachokikimbia. Meza, ila usivichanganye na vya kuongeza damu. Viachanishe kwa saa kadhaa, maana kalsiamu inazuia madini ya chuma kufyonzwa. Sigara acha, na anayevuta ndani ya nyumba atoke nje. Udongo nao acha, kwa sababu zake: minyoo, upungufu wa damu na madini ya risasi.

Kichwa kikiuma sana, macho yakiona ukungu, uso na mikono vikivimba ghafla au damu ikitoka, usisubiri tarehe ya kliniki. Na mtoto akipunguza kucheza, nenda hospitali siku hiyo hiyo, hata kama altrasaundi ya jana ilisema yuko salama.