Swali la Lugha: Ovalei "itafungua" au "itafunguka"?

Msomaji wa Majengo, Mombasa, ameniandikia hivi:

"Mwalimu, shikamoo. Nina chumba cha michezo ya kompyuta, na vijana wanaocheza kwangu hawaishi kuniita niwaonyeshe namna ya kufungua ovalei ya kadi ya michoro, yaani kile kidirisha kinachotokea juu ya mchezo na kuonyesha idadi ya fremu, joto la kadi na mahali pa kurekodi. Nimechoka kuitwa, nikabandika karatasi ukutani: 'Bonyeza Alt na Z, ovalei itafungua juu ya gemu. Ukimaliza, zima.' Mteja mmoja, mwanafunzi wa chuo, asema 'itafungua' ni kosa. Mwengine amemjibu kuwa hivyo ndivyo Kimvita kisemavyo na wa bara wasitufundishe. Nani kati yao ana haki? Na je, karatasi yangu ina makosa mengine?"

Marahaba, mwanangu. Nitaanza na kitenzi, kwa kuwa ndicho kilichozua ubishi, kisha nije kwenye hiyo "na" yako, ambayo hakuna aliyeilalamikia ingawa ndiyo inayoweza kumtia hasarani mtu aliyekwisha kuingia mchezoni.

Mwanafunzi amesema kweli. Kitenzi "fungua" ni elekezi: kinadai mtendaji na kinadai kitu kinachotendwa. Mtu akisoma "ovalei itafungua" anabaki akingoja aambiwe itafungua nini, kwa sababu sentensi imempa mfunguaji bila ya kumpa kinachofunguliwa. Ulichokusudia kusema ni kwamba ovalei yenyewe itatoka katika hali ya kufungwa na kuwa wazi, na kwa maana hiyo Kiswahili kina kauli yake, kauli ya kutendeka: ovalei itafunguka. Jikoni hakuna anayekosea jambo hili. Husemi "maji yamechemsha" ukimaanisha kwamba chai iko karibu. Unasema umechemsha maji, nayo maji yamechemka. Vivyo hivyo mtu huwasha taa, nayo taa ikawaka. Hujaza diski kwa video za mechi zake, nayo diski ikajaa. Jozi hizi hazikuundwa zote kwa kiambishi kimoja, lakini kazi iliyogawanywa kati ya kitenzi cha kwanza na cha pili ni ileile.

Kuhusu Kimvita, huyo mteja wa pili anapigania nyumba ambayo haijavamiwa. Ni kweli kwamba mkutano wa mwaka 1928 uliochagua Kiunguja kuwa msingi wa Kiswahili sanifu ulifanyika hapahapa Mombasa, jambo ambalo wazee wetu hawakuacha kulisemea, na ni kweli kwamba Mmvita akisema "ndia", "mato" na "chanda" pale wengine wanaposema "njia", "macho" na "kidole", hajakosea lolote. Lakini tofauti hizo ni za sauti na za msamiati. Katika kunyambua "fungua" kuwa "funguka" na "funguliwa", Kimvita na Kiunguja hawana ugomvi, na ukimsikiliza bibi yeyote wa Mji wa Kale akilalamikia mlango uliovimba kwa unyevu, utamsikia akisema mlango haufunguki.

Basi "itafungua" imetoka wapi? Imetoka mahali pale palipotoka "shule zimefungua" na "benki inafungua saa tatu", maneno ambayo siku hizi yanasikika redioni na hata katika matangazo yaliyochapishwa. Katika Kiingereza kitenzi kimoja hubeba maana zote mbili bila ya kubadilika umbo, na anayetafsiri kichwani mwake huku anazungumza huihamisha sentensi ilivyo. Nakiri kwamba Kiswahili nacho kina vitenzi vichache vinavyomshawishi mtu, kama "anza": twasema "nimeanza mchezo" na "mchezo umeanza" kwa umbo lilelile, na zote mbili ni sahihi. Lakini vitenzi vya namna hiyo ni vichache, na havitoi ruhusa kwa vingine. Katika mazungumzo ya barazani sitamkatiza mtu kwa "benki imefungua". Kwenye karatasi iliyobandikwa ukutani, inayosomwa na kila aingiaye, naona ni uvivu.

Hapo mwanafunzi wako angeweza kuuliza: kwa nini isiwe "itafunguliwa"? Nayo ni sahihi, ila haisemi jambo lilelile. Kauli ya kutendwa humficha mtendaji lakini haimwondoi. Nyuma ya "itafunguliwa" kuna mtu anayefungua, hata asipotajwa. Kwa hiyo inafaa unapoeleza njia: "ovalei hufunguliwa kwa kubonyeza vitufe viwili". Unapoeleza matokeo, yaani kile atakachokiona mchezaji baada ya chanda chake kugusa kibodi, "itafunguka" ndiyo yenye kukaa vizuri. Tofauti hii inakuwa kali zaidi katika ukanushi, na kwa mtu mwenye biashara kama yako ina faida. Kijana akikuita na kusema "ovalei haifunguki", anakuletea hitilafu: amebonyeza, na hakuna kilichotokea. Ukiandika "ovalei haifunguliwi wakati wa mashindano", umeweka sharti la nyumba yako, na hakuna atakayedhani kwamba kompyuta imeharibika. Na akisema "haijafunguka", anangoja tu, huenda mchezo bado unapakia. Herufi mbili tatu zinatenganisha fundi, hakimu na mtu mwenye subira.

Tusidhani sasa kwamba programu haiwezi kamwe kuwa mtendaji. Inaweza, alimradi ipewe kitu cha kutenda. "Ovalei inaonyesha idadi ya fremu kwa sekunde" ni sentensi safi, kwa sababu yenye kuonyesha ni ovalei na kinachoonyeshwa kimetajwa. Makosa huzidi kwenye "rekodi", ambacho ni kitenzi cha kukopa na watu huogopa kukinyambua. Katika ovalei ya NVIDIA, kampuni itengenezayo kadi za michoro, Alt na F9 huanzisha na kusimamisha kurekodi, na Alt na F10 huhifadhi dakika zilizopita za mchezo, kama mchezaji alikwisha kuwasha sehemu ya marudio ya papo hapo. Mchezaji aliyefanya hivyo husema "mechi imerekodi". Sivyo: programu imerekodi mechi, nayo mechi imerekodiwa. Kitenzi cha kukopa kinapokea viambishi kama mwenyeji, na "imerekodiwa" haina ugeni wowote kwenye ulimi. Vivyo hivyo video "imehifadhiwa" na wala si "imehifadhi". Hapa silazimishi kauli ya kutendeka, maana "imehifadhika" humpeleka msomaji kwenye maana ya kitu kinachoweza kuhifadhiwa, au kilichosalimika, badala ya kitendo kilichokwisha kufanyika.

Sasa niseme juu ya hiyo "na". Umeandika "Bonyeza Alt na Z". Kiunganishi hiki huweka vitu viwili pamoja katika sentensi, lakini hakisemi neno kuhusu wakati. Ukimwambia mtu "nunua mkate na maziwa", hujamwamuru avinunue kwa pumzi moja. Kwa hiyo mgeni wa kompyuta ana haki ya kubonyeza Alt, akaiachia, kisha akabonyeza Z, na atakuwa ametii karatasi yako neno kwa neno. Matokeo yake? Kompyuta itaihesabu ile Z kuwa amri ya mchezo. Katika PUBG ya kompyuta, mchezo wa kupigana kwa bunduki, kwa mpangilio wa kawaida, kitufe cha Z ndicho kinachomlaza mpiganaji kifudifudi. Hebu mfikirie kijana aliyetaka kutazama joto la kadi yake, mpiganaji wake akajitupa chini uwanjani huku adui anakuja. Karatasi ndiyo iliyomlaza.

Wengine huongeza "kwa pamoja", na hilo linapunguza utata, ingawa bado haliafiki hasa mkono unavyofanya kazi, kwa kuwa vitufe hivi havibonyezwi kwa mpigo mmoja: Alt hutangulia, hubaki imeshikiliwa, ndipo Z ikabonyezwa. Kiswahili kina namna nzuri ya kulisema hili bila ya kurefusha maneno. Kipo kitenzi "shikilia", ambacho kwa mnyambuliko wake chabeba maana ya kushika na kuendelea kushika. Ipo "kabla" ikifuatwa na ukanushi wa "-ja-": "kabla hujakiachia". Na ipo ile desturi yetu ya kuanza na amri kisha kuendelea na hali ya dhamira: "shikilia kitufe cha Alt, na kabla hujakiachia ubonyeze Z". Zingatia kwamba nimesema "ubonyeze" na wala sikurudia "bonyeza". Amri ya pili ikifungamana na ya kwanza kwa umbo hilo, msomaji huelewa kwamba vitendo viwili ni vya tukio moja. Zingatia pia upatanisho: ukitaja kitufe, yote yanayofuata huchukua "ki".

"Juu ya gemu" sina neno nayo. Kidirisha hakika hukaa juu ya picha ya mchezo, na mchezo wa mtandaoni huendelea chini yake bila ya kumngoja mtu, jambo ambalo lingefaa kutajwa kwenye karatasi. Ungeweza pia kusema "bila ya kutoka mchezoni". Kama unashikilia "gemu", sema "kwenye gemu", maana maneno mengi ya kukopa ya juzijuzi hayajaipenda "-ni" ya mahali. Neno "ovalei" lenyewe nakuachia. Wateja wako ndilo walitamkalo, na limekwisha kupata makazi katika ngeli ya I-ZI.

Kosa la mwisho ni la maana, na sarufi haina lawama. Umeandika "ukimaliza, zima". Ovalei ina hali mbili zilizo mbalimbali, na Kiswahili kina jozi mbili za vitenzi kwa ajili yake: kuwasha na kuzima, kufungua na kufunga. Katika mipangilio ya programu ovalei huwashwa; ikishawashwa hukaa imejificha, ikingoja kufunguliwa kwa Alt na Z. Ukibonyeza tena vitufe hivyo, huwa umeifunga, lakini hujaizima. Mteja mtiifu anayesoma "zima" ataingia kwenye mipangilio na kuizima kabisa, na atakayekaa baada yake atabonyeza Alt na Z mpaka achoke, kisha akuite aseme haifunguki.

Kinyume chake pia kimewahi kuwasumbua watu. Mwezi wa Novemba 2024 NVIDIA ilitoa rasmi programu yake mpya, NVIDIA App, kushika nafasi ya GeForce Experience. Mwezi uliofuata ikabainika kwamba baadhi ya michezo ilipungua kasi, mingine kwa kiasi cha hadi asilimia 15, kwa sababu ya sehemu ya vichujio vya picha iliyomo katika ovalei, na hali hiyo iliwapata hata watu ambao hawakuwa wametumia kichujio chochote. Kampuni iliwashauri watumiaji waizime sehemu hiyo kwenye mipangilio kisha wauanze mchezo upya. Mtu aliyeambiwa "funga vichujio" angefunga kidirisha, asikione tena, akaamini kwamba amekwisha kutekeleza, na kadi yake ikaendelea kubeba mzigo uleule. Kilichohitajika pale kilikuwa kuzima. Kwa hiyo chagua neno kwa kuangalia kitu kinabaki katika hali gani baada ya kutoweka machoni.

Jambo moja dogo lisilo la lugha, ila litakuokolea miguu: usiandike karatasi moja kwa kompyuta zote ikiwa kadi zako ni za kampuni mbalimbali. Kwa mfano, Alt na R kwenye ovalei ya NVIDIA huonyesha au huficha takwimu za utendaji. Kwenye kompyuta yenye kadi ya AMD vitufe hivyohivyo hufungua programu ya AMD yenyewe. Tumia "-enye", iliyotengenezwa kwa kazi hii: kompyuta yenye kadi ya NVIDIA, kompyuta yenye kadi ya AMD.

Karatasi yako, kwa upande wa NVIDIA, ningeiandika hivi:

"Kwa kompyuta yenye kadi ya NVIDIA: shikilia kitufe cha Alt, na kabla hujakiachia ubonyeze Z. Ovalei itafunguka juu ya mchezo, na mchezo utaendelea chini yake. Ukimaliza, ifunge kwa vitufe hivyohivyo. Tafadhali usiizime kwenye mipangilio."

Ni ndefu kuliko yako, najua, na utalazimika kupunguza ukubwa wa herufi au kutafuta karatasi kubwa zaidi. Na kama umebadilisha vitufe kwenye mipangilio, jambo ambalo programu hiyo inaruhusu, andika ulivyoviweka wewe.