Kundi au peke yako: Thailand, Laos na Kambodia

Dada, umeuliza ukiwa hapo Malindi: ujiunge na kundi la watu 12 lenye kiongozi, au uende mwenyewe? Nenda na kundi. Mipakani utashukuru.

Ila viza ni juu yako. Ukirudi Bangkok kupanda ndege ya nyumbani, utakuwa umeingia Thailand mara mbili. Viza ya kuingia mara moja haitakufaa. Na chanjo ya homa ya manjano uchome angalau siku 10 kabla, sisi Wakenya twadaiwa kadi.

Mashua ya mto Mekong kule Laos, Huay Xai hadi Luang Prabang, ni siku mbili, usiku mwalala Pakbeng. Mimi nilikalia leso niliyoikunja mara nne na bado kiuno kiliniuma! Leso hiyo hiyo usiitegemee Angkor Wat, lile hekalu la Kambodia: kujitanda mabegani hakutoshi kupanda kule juu kabisa, wataka nguo ya mikono na magoti yafunikwe. Tikiti ya siku 3 ni dola 62; uliza mapema kama imo kwenye bei ya kundi.

Na sisi tusiokula nguruwe tujihadhari: nyama yake hujificha hata kwenye mchuzi. Ukishuku, agiza wali wa nazi na embe.