Barua kwa mwanangu: jukwaa lilitangulia

Mwanangu,

Ujumbe wako nimeusoma mara mbili. Akina mama wa sokoni huko Arua wanakutaka uwaandikie mchezo wa kuigiza, nawe unaogopa kwa kuwa umezoea hadithi fupi tu. Halafu ukaniuliza: Ngũgĩ wa Thiong'o, Mkenya mwenye jina kubwa katika riwaya, alifuata nini jukwaani? Na zile hadithi fupi alizikusanya za nini?

Umeipindua safari yake, mama. Hadithi fupi na jukwaa ndivyo vilivyotangulia, tena hapa hapa kwetu Uganda. Alifika chuo cha Makerere mwaka 1959. Siku moja akamsimamisha Jonathan Kariara, mmoja wa wanafunzi waliokuwa na jarida la Penpoint, akamwambia ameandika hadithi, angependa aitazame. Uongo mtupu! Hakuwa ameandika kitu. Kariara alipoitaka, ikabidi aketi aiandike. Ndipo akazaliwa Mukami, mke mdogo aliyechoka kupigwa na kuitwa tasa, akatoroka usiku, akalala chini ya mugumo, mti mtakatifu wa Wakikuyu, na alipoamka akajua ana mimba. Kwa hiyo ukiwa umeshawaambia wale akina mama kwamba mchezo uko njiani, usione haya.

Novemba 1962, wiki chache baada ya bendera yetu kupandishwa, wanafunzi wa Makerere waliigiza mchezo wake katika Jumba la Taifa la Maigizo, Kampala. Riwaya yake hata moja ilikuwa haijachapishwa. Kwa Kiswahili mchezo huo unaitwa Mtawa Mweusi. Remi, msomi wa kwanza wa kabila lake, anakimbilia mjini kumkwepa Thoni, mjane wa kaka yake aliyeozwa kwake. Wazee wanamfuata, na mchungaji naye anamfuata. Anaporudi kijijini anahubiri weee dhidi ya ukabila, wala hamwoni Thoni anayempenda, mpaka Thoni anajiua.

Nitakwambia ukweli: mimi mchezo ule sikuupenda sana. Watu wanazungumza kama wanasoma hotuba. Kijana wa miaka ishirini na minne, nchi imepata uhuru, angefanyaje? Lakini huyo Thoni anayenyamaza ametoka moja kwa moja kwenye hadithi fupi.

Zile hadithi alizikusanya mwaka 1975 katika Secret Lives, riwaya tatu zikiwa zimeshatoka. Zimeanzia siku za Makerere, kwa hiyo unamwona mkono ukikomaa. Isome ile ya Kamau anayerudi kutoka kizuizini cha wakoloni akiwa na kifurushi chake. Anakuta mkewe amechukuliwa na Karanja, aliyewadanganya watu kwamba Kamau amekufa. Anasimama ukingoni mwa mto, kifurushi kinamponyoka, kinaenda na maji. Basi. Hakuna aliyeeleza anachojisikia. Hapo, mwanangu, unahitaji mtu mmoja, kifurushi kimoja na watazamaji walionyamaza. Mchezo tayari.

Jukwaa lenyewe, naona, alilielewa katika kijiji cha Kamirithu, Kenya, mwaka 1977, alipoandika na Ngũgĩ wa Mirii mchezo wa Kikuyu unaoitwa kwa Kiswahili Nitaolewa Nikipenda. Mkulima ana kipande cha ardhi, hati yake imetundikwa ukutani, na tajiri anaimezea mate. Wanakijiji walijenga ukumbi usio na paa kwa mikono yao, na waandishi wakikosea waliwasahihisha: mzee hasemi hivyo. Onyesho likapigwa marufuku baada ya majuma machache, na Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o akakamatwa. Akakaa kizuizini karibu mwaka mzima bila kufikishwa mahakamani, akiandika riwaya kwenye karatasi za chooni. Riwaya zake za Kiingereza zilikuwa zimeisema serikali miaka yote hiyo, asiguswe. Fikiria hapo.

Mimi nilijifunza kwa aibu ndogo zaidi. Nilipokuwa nikifundisha, tuliandaa mchezo wa Kiingereza kwa siku ya wazazi. Wazazi wenyewe, wengi wafanyakazi wa viwandani kutoka mtaa wa Walukuba, walikuwa wanasinzia. Kijana aliyeigiza mdai madeni akasahau maneno yake, akapasuka kwa Kiswahili cha mtaani: "Mzee, hela yangu leo! Usinizungushe!" Ukumbi mzima ukaamka. Mama mmoja wa nyuma akamjibu, "Mwambie mke wake ndiye anayezo!" Mkuu wa shule alinifokea jioni ile, kwake Kiswahili kilikuwa bado lugha ya askari. Mimi nilikuwa bado nacheka.

Sasa usinitumie mimi mswada. Chukua ile hadithi yako ya mama muuza samaki anayeficha daftari la madeni, wasomee wenyewe kwa sauti, kisha ukae kimya wakusahihishe. Watakachobishania sana ndicho onyesho lako la kwanza. Na yule anayejifanya hajui kusoma, mpe sehemu ndefu.

Nakala yangu ya Secret Lives naituma kwa basi la Ijumaa. Jalada limeng'oka, lakini ukurasa wa kifurushi upo.

Baba yako,
Jinja