Maswali na Majibu: Albert Lortzing na Opera Zake

Barua za wasomaji mara hii zinamhusu Albert Lortzing, mtunzi wa opera wa Kijerumani aliyezaliwa Berlin mwaka 1801 na kufariki huko huko mwaka 1851.

Je, Lortzing alikuwa mwanafunzi wa Richard Wagner?

Hapana. Swali hili limekwisha kuletwa mara nyingi mno, na tarehe pekee zingetosha kulijibu: Lortzing alimtangulia Wagner, mtunzi mashuhuri wa opera wa Kijerumani, kuzaliwa kwa miaka 12. Opera yake *Hans Sachs*, inayomhusu mshona viatu na mshairi wa Nürnberg, ilionyeshwa Leipzig mwaka 1840, ilhali Wagner alimleta fundi huyo huyo jukwaani mwaka 1868. Nawasihi wasomaji waache kumpima kila mtunzi wa Kijerumani kwa kimo cha Wagner.

Alisomea muziki chuo gani?

Hakupitia chuo; wazazi wake waliacha biashara ya ngozi wakawa waigizaji, naye akakulia jukwaani.

Opera yenye mazungumzo ya kawaida kati ya nyimbo ni opera kweli?

Ni opera, na anayebisha aeleze kwanza *Die Zauberflöte* ya Mozart, yenye mazungumzo kama hayo, ni kitu gani. Katika *Zar und Zimmermann* ya Lortzing ya mwaka 1837, iliyo ya aina hiyo hiyo, Tsari Peter wa Urusi anajificha kama seremala katika karakana ya merikebu huko Uholanzi, ambako yupo pia askari mtoro wa Kirusi mwenye jina hilo hilo, na meya mwenye majivuno anashindwa kuwatambua. Lortzing aliandika maneno mwenyewe, kisha katika onyesho la kwanza akaimba sehemu ya yule mtoro.

Kama opera zake zilipendwa hivyo, kwa nini alikufa maskini?

Kwa sababu majumba ya maonyesho ya Ujerumani yalinunua nakala ya opera mara moja tu, kisha yakaionyesha yalivyotaka bila kumlipa mtunzi mirabaha, ingawa Ufaransa ilikwisha kuwalinda waandishi wa jukwaa kwa sheria ya mwaka 1791. Lortzing, mwenye mke na watoto wengi, alilazimika kuishi kwa mshahara wa kuongoza okestra. Kazi ya Leipzig ilimponyoka mwaka 1845. Ile ya Vienna, alikoonyesha *Der Waffenschmied* mwaka 1846, ikapotea katika misukosuko ya mapinduzi ya mwaka 1848, naye akarudia uigizaji ili familia ipate chakula. Jioni ya tarehe 20 Januari 1851 opera yake ya mwisho, *Die Opernprobe*, ilionyeshwa Frankfurt kwa mara ya kwanza. Asubuhi iliyofuata alifariki Berlin akiwa na madeni. Wanaosimulia habari hii kama mkosi wa msanii asiye na bahati wanakosea, kwa kuwa kilichomfukarisha ni mikataba. Ewe mtunzi kijana, usitie saini malipo ya mara moja kabla ya kuuliza hakimiliki inabaki kwa nani.

Aliwahi kutunga kuhusu siasa?

Ndiyo. *Regina*, ya mwaka 1848, inaanza na mgomo wa wafanyakazi kiwandani. Haikuonyeshwa hadi mwaka 1899.

Nianze na opera ipi?

*Der Wildschütz* ya mwaka 1842. Tafuta rekodi yenye mazungumzo yote, kwani zilizoyakata zinakuachia nyimbo nzuri katika hadithi isiyoeleweka.